Kiti cha Kando ya Sadako

Swali: Mimi na binti yangu wa kidato cha pili tumeanza kutazama katuni ya Kijapani iitwayo Kimi ni Todoke. Kipindi cha kwanza nilikielewa. Cha pili, karibu chote, ni wanafunzi kupangiana viti darasani. Nikawa nangoja jambo litokee. Nageuka, namkuta binti yangu anafuta machozi. Nilipomuuliza akanijibu, "Mama, wewe huwezi kuelewa." Haya, wewe unayefundisha Kijapani, niambie: kwenye kile kiti kuna nini? (Mama wa Morogoro)

Jibu: Dada yangu, jambo lilitokea, na lilitokea mbele ya macho yako. Yule kijana Kazehaya amejitangaza mbele ya darasa zima. Ila hakutumia mdomo, alitumia kiti. Wala sikulaumu kwa kutoliona. Mimi mwenyewe mara ya kwanza nililipita vivyo hivyo, na wakati huo nilikuwa nimeshasoma Kijapani miaka miwili, najiona mjuzi.

Kwa wenzetu ambao hawajaitazama, nitangulize maelezo machache. Hadithi hii ilianza kama kitabu cha picha, mtunzi na mchoraji wake ni Shiina Karuho, ikatoka kwa mfululizo katika jarida la wasichana liitwalo Bessatsu Margaret hadi 2017, ikajaza juzuu 30. Katuni mnayoitazama nyinyi ilianza kurushwa Oktoba 2009, kazi ya studio ya Production I.G. Ilishatengenezwa pia na waigizaji wa kweli, kwanza sinema mwaka 2010, halafu tamthilia ya Netflix mwaka 2023. Lakini shikeni hiyo hiyo ya 2009, mmechagua vizuri.

Msichana anaitwa Kuronuma Sawako. Kwa Wajapani jina la ukoo hutangulia, kwa hiyo Sawako ndilo jina lake mwenyewe. Ana nywele nyeusi ndefu zinazomfunika uso, ngozi iliyopauka, na tabasamu ambalo likitoka kwa kulazimishwa linatisha kuliko angenuna. Wenzake wakampachika jina la Sadako. Huyo Sadako kila Mjapani anamjua: ni mzuka wa riwaya ya Ring ya mwaka 1991 na sinema yake ya 1998, mwanamke mwenye nywele usoni anayetambaa kutoka kisimani hadi nje ya skrini ya televisheni. Aliyetazama mkanda wake ana siku saba za kuishi. Kwa hiyo jina hilo si utani mwepesi. Ni kama kwetu mtoto aitwe Mwanga, na simaanishi nuru, namaanisha yule anayeruka na ungo usiku, aitwe hivyo tangu siku ya kwanza ya shule mpaka watu wasahau jina lililoandikwa kwenye daftari la mahudhurio. Darasani kwao wanaamini kabisa kwamba ukimtazama machoni utapatwa na mkosi.

Na hapa kuna mchezo wa maneno ambao tafsiri za chini ya picha haziwezi kuubeba. Kuronuma maana yake ni kinamasi cheusi. Lakini Sawako limeandikwa kwa herufi ya hali ya hewa inapotulia, joto likapungua, ukavuta pumzi ukasema "ahaa". Herufi hiyo hiyo ndiyo iliyo ndani ya neno sawayaka, yaani mwenye kuburudisha, ambalo ndilo kila mtu shuleni hulitumia kumsifu Kazehaya. Naye jina lake la ukoo ni upepo, kaze, na kasi, haya. Sadako na Sawako zinapishana silabi moja tu ya katikati, na silabi hiyo ndiyo inayomtenganisha mzuka na upepo mwanana. Mjapani akiliona jina hilo limeandikwa, anajua tangu ukurasa wa kwanza nani atamtoa nani kinamasini.

Sasa tuingie darasani.

Sekondari ya juu ya Japani, ile waiitayo kōkō, ni ya miaka mitatu, kuanzia umri wa miaka 15 hadi 18. Elimu ya lazima inaishia miaka tisa ya mwanzo, kwa hiyo hapa watu wameingia kwa mtihani, wametoka shule mbalimbali, na kila Aprili mwaka mpya unapoanza wanapangwa upya. Ukishapangiwa darasa lako, chumba kile kinakuwa chenu. Walimu ndio wanaokuja na kuondoka. Utaniambia hata kwetu ni hivyo hivyo, na ni kweli. Ila kwa wenzetu darasa linafanya karibu kila kitu kama darasa: linasafisha chumba na korido lenyewe, linashindana kama timu kwenye siku ya michezo, linafungua kibanda chake au kuigiza mchezo wake kwenye tamasha la shule, na mwaka wa safari ukifika linapanda treni pamoja. Watu hadi 40, mwaka mzima, chumba kimoja. Ukikosa mahali mle ndani, huna kwingine pa kwenda kujificha.

Halafu angalia madawati. Kwetu, mimi nimesoma dawati moja tukikaa watatu, na aliyekaa katikati ndiye aliyekuwa anaumia mtihani ukija. Kule kila mtoto ana meza yake na kiti chake, na kati ya meza na meza kuna njia. Meza ina uvungu wa kuwekea vitabu na kilabu pembeni cha kutundikia mkoba. Ni kama kiwanja chako kidogo. Madirisha kwa kawaida yako upande wa kushoto unapotazama ubao, ili mwanga uje kutoka kushoto na kivuli cha mkono wa kuandikia kisiangukie daftari. Ndiyo maana katika katuni hizi mhusika mkuu utamkuta kila mara nyuma, upande wa dirisha, anatazama mawingu. Mpaka Wajapani wenyewe wanakitania kiti kile, wanakiita kiti cha shujaa wa hadithi.

Kwa kuwa kuna njia kati ya meza na meza, jirani yako wa kando anakuwa mtu mwenye maana ya pekee. Ukisahau kitabu, meza zenu mbili zinasogezwa zikagusana, mnasoma kitabu kimoja. Kifutio kikianguka, yeye ndiye anakiokota. Mwalimu akisema jadilianeni wawili wawili, ni yeye. Katika shule nyingi vikundi vya usafi hufuata mpangilio wa viti, kwa hiyo mnashika na ufagio pamoja. Watu wanaozungumza mara tatu kwa mwaka wanaweza, kwa sababu ya kiti tu, kuzungumza mara kumi kwa siku. Waandishi wa mapenzi ya shule wanalijua hilo, ndiyo maana katika hadithi zao "kiti cha jirani" kina uzito kuliko barua.

Na viti hivyo vinabadilishwa. Neno lenyewe ni sekigae, na ndilo jina la kipindi kilichokuchosha. Kila muhula, au kila mwezi kwa walimu wengine, watu wanachota vikaratasi vyenye namba. Nimewahi kuliona kwa macho. Nilikuwa mwanafunzi wa lugha, nikaalikwa katika shule moja mkoani Saitama nizungumzie Tanzania. Nilipewa kipindi kizima, dakika 50, nikazungumza habari za Kilimanjaro na pilau na wakanisikiliza kwa heshima kubwa, maana yake walikuwa wamelala na macho wazi. Nilipomaliza, mwalimu wao akatoa kopo la biskuti lenye vikaratasi, na darasa lile lile likaamka kama limepigwa umeme. Kijana mmoja aliyechota kiti cha mbele katikati alijilaza juu ya meza kama aliyeletewa taarifa ya msiba. Wengine walipiga kelele za furaha. Nami nikacheka nao.

Kisha nikaona wasichana wawili wakibadilishana vikaratasi haraka haraka, chini chini, mwalimu akiwa ameupa mgongo upande wao. Nikadhani mmoja anataka dirisha. Jioni yake, kijana wa nyumba niliyofikia, ambaye alikuwa darasa hilo, akaniambia hapana, hakuna aliyetaka dirisha. Yule mmoja alikuwa amechota kiti cha kando ya fulani. Huyo fulani nilimkumbuka, msichana wa nyuma aliyekuwa ameniuliza swali pekee la maana siku ile: kama mtoto wa Kitanzania akisafiri anakumbuka chakula gani. Alichota kikaratasi chake, akahamisha mkoba wake, akakaa. Hakuinua macho. Nadhani alikuwa ameona.

Usiku huo ndipo nilipokielewa kipindi cha pili.

Kura, dada yangu, haipo pale kwa ajili ya haki tu. Ipo ili mtu yeyote asilazimike kuonyesha anampenda nani na anamkwepa nani. Namba imeamua, mimi simo. Umekaa kando ya mvulana unayempenda? Ni bahati. Umekaa mbali na unayemchukia? Ni bahati pia. Kila mtu anajificha nyuma ya kile kikaratasi, na darasa linaishi kwa amani. Sasa mweke Sawako hapo. Viti vinavyomzunguka vinageuka kuwa adhabu, watu wananung'unika, wanasitasita, mahali pake panakuwa kama kisiwa. Na Sawako, kwa akili yake ya ajabu, hawakasirikii. Anawaonea huruma. Anaona yeye ndiye aliyewatia wenzake katika shida.

Ndipo Kazehaya, kijana ambaye kila mtu angefurahi kukaa naye, anakuja kukaa kando yake. Kwa hiari. Amekitupa kikaratasi kilichokuwa kinamficha. Darasa zima limemwona akichagua, na katika chumba ambacho utaratibu mzima umewekwa ili mtu asionekane akichagua, hakuna tamko kubwa kuliko hilo. Baada yake wanafuata wanafunzi wenzao, wasichana Chizuru na Ayane na kijana Ryu, wanamzunguka, na kisiwa kinakuwa kijiji.

Ungemwambia Mjapani yeyote aliyepita shule kwamba katika kipindi hicho "hakuna kilichotokea", angekutazama kama umetazama fainali ya kombe la dunia ukasema watu walikuwa wanakimbizana tu.

Nirudi nyuma kidogo kwenye lile la kutengwa, maana hapo ndipo uchungu ulipo. Kijapani kina neno shikato, kumfanya mtu kama hayupo. Asili yake ni karata za hanafuda, ambazo kila mwezi una picha yake. Karata ya mwezi wa kumi ina paa dume aliyegeuza shingo, anatazama pembeni. Paa ni shika, kumi ni tō. Wacheza kamari wakalifanya neno, watoto wa shule wakalirithi. Kuna jingine la zamani zaidi, murahachibu, la vijijini: anayetengwa anakatiwa sehemu nane kati ya kumi za ushirikiano, anabakiziwa mbili tu, moto na maziko. Nyumba yake ikiungua watakuja kuzima, akifa watamzika. (Kwetu ni kinyume, si ndiyo? Mtu akigombana na kijiji, kitisho cha kwanza anachopewa ni "tutaona nani atakuzika".)

Sawako hajapigwa na mtu. Hakuna aliyemfichia viatu wala kumchania daftari. Wanafunzi wale ukiwauliza kama wanamwonea, wataapa kwamba hapana, wao wanaogopa tu, tena yeye ndiye wa kutisha. Na huu ndio ukatili ambao ni mgumu kuushika, kwa sababu hauna mtenda. Mwaka 2013 Japani ilitunga sheria ya kuzuia uonevu shuleni, kufuatia kifo cha mwanafunzi mmoja wa mji wa Otsu mwaka 2011 kilichoitikisa nchi. Sheria hiyo inapouelezea uonevu haianzii kwenye nia ya anayetenda, inaanzia kwenye maumivu ya anayetendewa. Katuni yenu ilitangulia kwa miaka minne. Kwa kipimo hicho cha sheria, lile darasa la watoto wapole wanaocheka cheka lilikuwa na uonevu tangu siku ya kwanza, na shujaa wetu ndiye mtu wa mwisho kulijua hilo. Yeye ana kanuni yake ya tendo jema moja kila siku, anakata majani ya bustani ya shule, anasubiri.

Kwa hiyo Kazehaya akikaa pale, sisi tunasikia "nakupenda". Darasa linasikia "mtu huyu si mzuka". Na Sawako anasikia nini? Anasikia kwamba Kazehaya ni mtu mwema, anayemtendea kila mtu hivyo. Basi. Neno la mapenzi halimjii kabisa, kwa sababu ili udhani mtu anakupenda ni lazima kwanza ujihesabu miongoni mwa watu wanaoweza kupendwa, na yeye hajafika huko. Nadhani binti yako hakulia kwa sababu ya kijana. Umri ule, nani amekaa kando yangu leo, nani alihama, nani alisogeza mkoba wake nilipokaribia, ni habari kubwa kuliko uchaguzi mkuu. Umemuuliza kwa nini analia. Jaribu kumuuliza darasani kwao anakaa na nani.

Kuna kingine kwenye vipindi hivi viwili ambacho tafsiri inakipoteza, nacho ni jinsi Kazehaya anavyomwita. Wote wanasema Sadako. Yeye anasema Kuronuma. Kwetu kumwita msichana kwa jina la ukoo kunasikika kama mwalimu wa zamu anaita majina paredini, kumekauka. Kule ni kinyume. Jina la mtu mwenyewe ni la ndani, la wazazi, la marafiki wa tangu utotoni, la wapenzi walioshakubaliana. Huliingii bila hodi. Kumwita Kuronuma ni kumpa heshima ile ile ya kawaida anayopewa kila mtu mwingine, na kwa Sawako kitu cha kawaida ndicho kisichopatikana. Katika kipindi cha kwanza uliona alivyoduwaa. Hakuduwaa kwa sababu ameitwa vizuri. Ameduwaa kwa sababu kuna mtu anayelijua jina lake.

Sisi tunaojua kwamba mke anaweza kuishi na mumewe miaka 30 akimwita Baba Fulani, na siku akimwita jina lake kavu kavu mbele za watu hapo nyumba inatetemeka, hatupaswi kupata shida kulielewa hili. Tafsiri za chini ya picha nyingi, hasa zile za Kiingereza, zinasawazisha kila kitu, mara Sawako, mara "wewe". Tega sikio, usitegemee maandishi. Utasikia Kuronuma kwa muda mrefu sana, na siku itakapobadilika utajua wewe mwenyewe bila kuambiwa, na pengine safari hiyo utalia wewe.

Ukitega sikio utaisikia na sauti ya Sawako, ya pumzi zaidi kuliko ya koo. Ni ya mwigizaji Noto Mamiko. Watazamaji wa Japani mwaka 2009 walicheka kwa sababu ambayo sisi wa nje ilitupita: miaka minne kabla, mama huyo huyo alikuwa sauti ya Enma Ai wa Jigoku Shōjo, msichana mwingine wa nywele nyeusi ndefu, ambaye kazi yake ilikuwa kuwapeleka watu motoni. Yaani wamempa "mzuka" wa darasa sauti ya mzuka wa kweli, halafu wakamfanya aseme "samahani" na "asante" kila dakika.

Nikiwa mkweli, nina manung'uniko yangu. Kazehaya ni safi mno. Sijawahi kukutana na mvulana wa miaka 16 wa namna hiyo, Japani wala Morogoro, na nikikutana naye nitamshuku. Na kuna jambo zito zaidi: hadithi inafanya ionekane kwamba akitokea mtoto mmoja mwenye umaarufu akasogeza kiti, ubaridi wa watu 40 unayeyuka. Wajapani wana usemi wa kusoma hewa, kujua darasa linataka nini bila kuambiwa. Mnamo 2007 hata vilitapakaa vifupisho vya herufi mbili, KY, vya kumkejeli asiyeweza kuisoma. Kazehaya ana uwezo wa kuibadili ile hewa kwa sababu yeye ndiye anayependwa. Msichana wa Saitama hakuwa na Kazehaya. Wengi hawana.

Ila waandishi nao si wajinga. Mkiendelea, mtaona kipindi cha nne kinaitwa Uwasa, yaani uvumi, na hapo maneno machafu kuhusu Chizuru na Ayane yanaanza kuzunguka shuleni, yakidaiwa yametoka kinywani mwa Sawako. Pale Kazehaya hawezi kusaidia sana. Kinachofuata ni kati ya wasichana watatu: kama wanaaminiana, kama neno rafiki linaweza kusemwa kabla mtu hajapewa ruhusa ya kulisema. Kwangu mimi vipindi vile, hadi cha sita, ni bora kuliko tukio lolote la mapenzi katika msimu mzima. Siwaambii uvumi ulitoka wapi. Msichana mzuri sana atatokea, mwenye nywele kama za mwanasesere, mtazameni vizuri.

Umeuliza mwishoni mwa barua yako, kwa maneno ya mtu aliyekwisha kukata tamaa, kama kuna siku hawa watoto watasema wanachotaka kusema. Kule kuna utaratibu wake, unaitwa kokuhaku, kukiri. Unamwita mtu pembeni, nyuma ya jengo au juu ya paa, unasema suki desu, nakupenda, na unaomba muwe wapenzi. Kabla ya hapo hamjawa kitu, hata kama mmekaa viti jirani mwaka mzima na kila mtu anawacheka. Ndiyo sababu mnaona wanazunguka zunguka: wakishasema, hakuna tena bahati wala kikaratasi cha kujificha nyuma yake. Jina la hadithi lenyewe linakwenda huko. Kimi ni todoke, ikufikie. Kitenzi hicho ndicho kinachotumika hata kwa vifurushi vya posta.

Kwa hiyo jibu: kusema watasema, lakini si katika msimu huu. Msimu huu una vipindi 25. Itabidi mvuke hadi msimu wa pili, wa mwaka 2011, na mkishanogewa upo wa tatu ambao mashabiki waliungoja mpaka Agosti 2024, vipindi vitano virefu. Chai iwekwe ya kutosha. Na mkikirudia kipindi cha pili, mwambie binti yako akisimamishe pale Kazehaya anapokaa, muwaangalie wale waliokuwa wanakikwepa kiti. Usimtazame yeye wala Sawako. Watazame hao wengine.